Kidole cha babu na mtoto wa Ouagadougou

Sebuleni kwa bibi, Iringa, ukiacha kalenda palikuwa na picha moja tu ukutani: babu akiwa keya, askari wa KAR, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki. Kaptula ya kaki imepigwa pasi ikasimama, soksi zimefika magotini, kofia imelala upande, mikono imenyooka ubavuni, macho yanatazama juu kidogo ya kichwa cha mpiga picha. Ilipigwa kabla hawajapelekwa Bama, yaani Burma, kupigana na Wajapani. Wageni wakiingia walimwona askari wa mfalme wa Uingereza, na wengine hawakulificha. "Huyu mzee alikuwa mtu wa Waingereza hasa," walisema. Bibi hakubishana nao. Alinyanyuka, akafuta kioo kwa ncha ya khanga, akagusa pale penye mkono wa kushoto wa babu.

"Kidole cha mwisho hakinyooki," alisema. "Alijikata na jembe la mama yake akiwa mdogo. Waliwaambia wanyooshe mikono wote. Hiki kilikataa."

Mimi ni mwalimu wa Kifaransa na Kiswahili. Nilipoanza kumsoma Roland Barthes, kwa kamusi na kwa mwendo wa kobe, sikujua kwamba angenirudisha mbele ya picha ile. Ukisikia anatajwa utaambiwa ni bingwa wa semiotiki, yaani elimu ya ishara, na mhakiki mkubwa wa fasihi ya Kifaransa. Ni kweli yote. Lakini kilichonishika mimi ni picha mbili, ya kwanza aliyoiona kwa kinyozi mwaka 1955, ya pili aliyoiona nyumbani kwake akiwa yatima wa miaka 62.

Nianze na ya kinyozi. Barthes anasimulia kwamba yuko kinyozi, anapewa jarida la Paris Match. Kwenye jalada kuna mtoto mweusi amevaa sare ya Kifaransa, anapiga saluti, macho yameinuka, bila shaka yanatazama bendera ya rangi tatu. Basi, hiyo ndiyo maana ya picha, anasema. Halafu anaongeza kwamba hata kama yeye ni mjinga, anaona vizuri picha inamwambia nini: kwamba Ufaransa ni dola kubwa, kwamba wanawe wote bila kubaguliwa rangi wanaitumikia bendera yake kwa uaminifu, na kwamba hakuna jibu bora kwa wanaolalamikia ukoloni kuliko bidii ya mtoto huyu katika kuwatumikia hao wanaoitwa wakandamizaji wake.

Angalia ilikuwa lini. Mei 1954 Wafaransa walikuwa wameshindwa Dien Bien Phu, Vietnam ikawaponyoka. Novemba mosi mwaka huohuo vita vya Algeria vikaanza. Jarida hilo ni la mwisho wa Juni 1955. Dola inatikisika, na Mfaransa aliyeketi kwenye kiti cha kinyozi anapewa mtoto anayepiga saluti. Hakuna hoja anayotakiwa aipime. Anatazama tu, na kutazama kwenyewe kumeshamshawishi.

Insha hiyo Barthes aliiandika mwaka 1956, ikafunga kitabu chake *Mythologies* kilichotoka mwaka 1957. Nadharia yake naweza kuisema kwa maneno ya nyumbani. Kila alama ina pande mbili, kiashiria na kiashiriwa, kile tunachokiona au kukisikia na ile maana inayotujia. Hayo Barthes aliyapata kwa Ferdinand de Saussure wa Geneva, ambaye mhadhara wake ulichapishwa mwaka 1916, yeye akiwa amekwisha kufa. Barthes akapanda ngazi moja zaidi. Alisema kisasili (ndivyo ninavyolitafsiri neno lake mythe, simulizi ambalo jamii hulichukua kuwa jambo la kawaida tu) huichukua alama nzima iliyokwisha kamilika, humwaga yaliyomo, kisha huitumia kama chombo cha kubebea jambo jingine. Ni kama mtu aliyeingia kwa jirani, akamwaga maji ya mtungi wake, akautilia pombe yake mwenyewe. Mtungi unabaki uleule. Apitaye anaona mtungi wa maji.

Sisi wa pwani na bara tuliozoea khanga tunaujua mchezo huu kwa mikono yetu. Mwanamke anaanika khanga yenye jina kali upande wa uani ambako mke mwenza au jirani atalisoma. Akiulizwa, anasema: nimeanika khanga, kuna nini? Na ni kweli ameanika khanga. Barthes anasema kisasili kina kinga hiyohiyo. Ukililaumu jarida kwamba linautukuza ukoloni, litakujibu kwamba limechapisha picha ya mtoto aliyekuja kwenye maonyesho, basi. Ila khanga kila mtu mtaani anajua inasema, hata anayekana anajua kwamba wanajua. Jalada la jarida linakuja kimya, na msomaji hadhani kwamba ameambiwa kitu. Kwangu hiyo ndiyo hatari yake kubwa.

Nilipokuwa najaribu kuyatafsiri haya kwa wanafunzi, Kiswahili kilinipa msaada nisioutarajia. Tunalo neno dalili: dalili ya mvua ni mawingu. Mawingu hayakukusudia kusema kitu. Tunayo alama, kama chapa ya ng'ombe au mkato juu ya mti. Tunayo ishara, ambayo ina mkono wa mtu ndani yake, kuna aliyekonyeza na kuna aliyekonyezwa. Kazi nzima ya Barthes katika kitabu kile naweza kuieleza kwa maneno hayo matatu. Jalada lile ni ishara iliyovishwa nguo za dalili. Mtu fulani alikonyeza, lakini sisi tunadhani tumeona mawingu.

Kitabu chenyewe kimejaa vitu vya kila siku vya Wafaransa: mieleka, sabuni ya unga, nyama na chipsi, vitu vya kuchezea watoto, gari jipya la Citroën. Insha ya mvinyo ndiyo ninayoipenda zaidi. Barthes anaeleza jinsi Mfaransa anavyoamini kwamba mvinyo ni mali ya taifa lake, kinywaji kinachompa joto, nguvu na hata udugu. Anaisifu imani hiyo kwa raha kabisa, kisha mwishoni anageuka na kusema kwamba mvinyo huo pia ni biashara ya kibepari, na kwamba kule Algeria walowezi wanapanda mizabibu kwenye ardhi waliyonyang'anywa Waislamu, watu wasio na haja na mvinyo na wanaokosa mkate. Sentensi chache tu. Lakini baada yake glasi ile haionekani tena kama mwanzo.

Sasa nifike pale panaponiuma.

Jalada lile la Paris Match lilikuwa na maelezo yaliyochapwa juu yake. Yalisema kwamba Diouf mdogo amekuja kutoka Ouagadougou pamoja na wenzake, watoto wa jeshi wa Afrika Magharibi ya Kifaransa, kufungua maonyesho ya jeshi Palais des Sports, Paris. Kwa hiyo mtoto alikuwa na jina. Alikuwa na mji. Alikuwa na wenzake ambao labda walikuwa wanacheka pembeni mpiga picha alipomaliza. Katika insha ya Barthes jina hilo halimo. Ouagadougou haimo. Kuna "kijana mweusi" mwanzo hadi mwisho, kwa lile neno la Kifaransa la zama zile ambalo leo linakwaruza masikio.

Tena Barthes alijua anachokifanya kisasili. Aliandika wazi kwamba ili picha ile ipokee ujumbe wake mpya, maisha ya yule mtoto ni lazima yawekwe kwenye mabano. Nilipoisoma sentensi hiyo nilifunga kitabu. Alikuwa ameigundua dhambi yenyewe, kwa jina lake, kwa ufundi ambao hakuna aliyekuwa nao kabla yake. Na bado hakuyafungua mabano. Alimtetea mtoto dhidi ya jarida bila kumuuliza anaitwa nani, na jina lilikuwa palepale kwenye karatasi aliyoishika.

Huenda ningelipita jambo hilo kama nisingejua alikotoka. Barthes alizaliwa Cherbourg mwaka 1915. Baba yake, afisa wa jeshi la majini, aliuawa vitani katika Bahari ya Kaskazini kabla mtoto hajatimiza mwaka. Alilelewa na mama yake, Henriette, aliyekuja kufanya kazi ya kujalidi vitabu ili waishi. Na huyo Henriette jina lake la kwao lilikuwa Binger. Baba yake ni Louis-Gustave Binger, yule afisa aliyezunguka kutoka mto Niger hadi Ghuba ya Guinea kati ya mwaka 1887 na 1889, akitia saini mikataba na watawala njiani, na mwaka 1893 akawa gavana wa kwanza wa koloni la Côte d'Ivoire. Mji wa Bingerville, karibu na Abidjan, unabeba jina lake mpaka leo. Alifariki mwaka 1936, mjukuu ana miaka ishirini. Katika insha ya mtoto wa saluti, babu huyo hatajwi.

Simsemi kwa chuki. Mtu hachagui babu, mimi nalijua hilo kuliko wengi. Lakini nawaza: mjukuu wa gavana na mtoto wa Ouagadougou walikutana kwa kinyozi, kati yao kukiwa na karatasi tu, na mmoja akamsoma mwenzake vizuri ajabu bila kumwona.

Miaka iliyofuata ilimpeleka kwenye fasihi kwa nguvu zaidi. Sehemu hii nitaipita haraka, ingawa vyuoni ndiyo inayofundishwa sana. Kifua kikuu kilikuwa kimemnyang'anya ujana wake kuanzia mwaka 1934. Alilazwa miaka na miaka milimani, Saint-Hilaire-du-Touvet kisha Leysin huko Uswisi, akisoma maandishi ya mwanahistoria Michelet na kuyanakili kwenye kadi ndogondogo. Ile mitihani mikubwa inayomfungulia Mfaransa mlango wa kufundisha chuo kikuu hakuifanya. Alifundisha Bucharest, halafu Alexandria, Misri, ambako mwaka 1949 alikutana na Mlithuania aitwaye Algirdas Julien Greimas, na mazungumzo yao ndiyo yaliyomwelekeza kwenye isimu. Afrika tena, kwa njia nyingine. Aliandika juu ya Racine, mtunzi wa tamthilia, mwaka 1963, na profesa mmoja wa Sorbonne, Raymond Picard, akamjia juu kwa kitabu kizima cha kumwita yeye na wenzake walaghai.

Mwaka 1970 akatoa *S/Z*. Alichukua hadithi ya Balzac iitwayo *Sarrasine*, ya mwaka 1830, kurasa chache tu, akaikata vipande 561 na kukisoma kila kipande kwa zamu. Mwanafunzi wangu mmoja alipolisikia hilo aliuliza kama mtu huyo hakuwa na kazi. Nilimwambia afikirie mama anayechambua mchele kwenye ungo. Akiutazama wote kwa pamoja ni mweupe. Akitandaza punje, ndipo mawe yanapoonekana.

Sisi tuliofundishwa fasihi sekondari tumelelewa na swali moja: mwandishi anataka kutuambia nini? Dhamira, ujumbe, falsafa ya mwandishi, kisha alama zako kumi na tano. Barthes aliandika mwaka 1967 kwamba mwandishi amekufa, akimaanisha kwamba maana ya maandishi haikufungwa kifuani mwa aliyeandika, bali inazaliwa kwa anayesoma. Nililipokea hilo kama mfungwa aliyefunguliwa mlango. Ila darasani nimejifunza kulitumia kwa tahadhari. Ni rahisi kumtangaza mwandishi marehemu ikiwa lugha yako imejaa waandishi waliochapwa na kuhifadhiwa kwenye maktaba. Sisi tuna tenzi ambazo majina ya waliozitunga yalipotea bila mtu kuwaua kwa nadharia. Jina, kwetu, ni kitu cha kutafutwa kwanza.

Na jina ndilo lililomrudia Barthes mwishoni, au tuseme uso.

Januari 7, 1977, alitoa mhadhara wake wa kwanza Collège de France, chuo cha heshima kubwa cha Paris, mtu asiye na ile mitihani mikubwa, sasa akishika kiti cha semiotiki ya fasihi. Oktoba 25 mwaka huohuo mama yake akafariki. Walikuwa wameishi pamoja karibu maisha yake yote. Kesho yake alianza kuandika huzuni yake kwenye vipande vya karatasi, ukurasa wa kawaida uliokatwa vipande vinne. Mtu aliyekata *Sarrasine* vipande 561 sasa anakata karatasi kwa ajili ya kilio.

Jioni moja ya Novemba alikuwa peke yake, anapanga picha za mama chini ya taa. Anaeleza haya katika kitabu chake cha mwisho, *La Chambre claire*, kilichotoka mwaka 1980. Picha zote zilimwonyesha kipande cha mama, pua, paji la uso, mkono, lakini si yeye. Akarudi nyuma miaka, picha baada ya picha, mpaka akafika kwenye picha kuukuu iliyolika kingo. Ni mwaka 1898. Watoto wawili wamesimama kwenye daraja dogo la mbao, ndani ya chumba cha vioo chenye mimea. Kaka ana miaka saba. Mama ana mitano. Na hapo, katika uso wa mtoto wa miaka mitano ambaye yeye hakuwahi kumjua, alimwona mama yake. Anakumbuka kwamba siku za ugonjwa wake wa mwisho alikuwa anamshikia bakuli la chai, kwa kuwa bakuli lilimrahisishia kunywa kuliko kikombe, na kwamba katika siku hizo mama alikuwa amegeuka kuwa mtoto wake wa kike.

Sehemu hiyo siwezi kuisoma kwa sauti darasani. Nimejaribu mara mbili.

Kitabu kina picha nyingi ndani yake, lakini hiyo haimo. Barthes anasema hawezi kutuonyesha. Kwetu sisi ingekuwa picha kama elfu nyingine: tungetazama nguo za zamani, zama zile, sura nzuri ya mtoto. Kidonda tusingekiona. Katika kitabu hicho anatenga vitu viwili. Kuna yale ambayo kila mtazamaji mwenye elimu kidogo atayaona kwenye picha, historia, utamaduni, siasa, na hayo anayaita studium. Na kuna kijambo kinachochomoka kutoka kwenye picha na kumchoma mtu mmoja, wakati mwingine bila mpiga picha kukusudia. Hicho anakiita punctum, neno la Kilatini lenye maana ya tundu linaloachwa na kitu chenye ncha.

Semiotiki aliyotufundisha mwaka 1957 ilikuwa elimu ya studium. Sasa yule yule bingwa wa ishara alikuwa ameshika picha ambayo hakutaka iwe ishara ya kitu chochote. Isiwe "mama wa Kifaransa", wala "utoto wa karne ya 19". Iwe Henriette. Hakutaka mabano.

Februari 25, 1980, kitabu kikiwa ndiyo kwanza kimetoka, alikuwa anavuka rue des Écoles, mtaa ulio jirani na Collège de France, akagongwa na gari la dobi. Alifariki Machi 26. Amezikwa Urt, kusini-magharibi, pamoja na mama yake.

Tangu nikisome kitabu hicho nimeielewa sebule ya bibi. Wageni walikuwa wanasoma studium: keya, Waingereza, utii, saluti. Walisoma sawasawa kabisa. Picha ile ilipigwa ili isomwe hivyo, na dola ya Kiingereza ilizihitaji picha za namna hiyo kama vile dola ya Kifaransa ilivyomhitaji Diouf. Kinachonigusa ni kwamba bibi hakuwakatalia. Hakuwahi kusema mume wake hakuwa askari wa mfalme. Alichofanya ni kugusa kioo pale ambapo amri ya kunyoosha mikono ilishindwa. Hakuwahi kusoma kitabu chochote zaidi ya Biblia na kitabu cha nyimbo, lakini alifungua mabano kwa kidole chake kila mgeni alipoingia.

Najiuliza nani alifanya hivyo kwa ajili ya Diouf. Lazima alikuwepo mtu Ouagadougou, au popote walipokuwa watu wake, aliyelitazama jalada lile na kuona kitu ambacho Paris nzima haikukiona. Kovu la nyusi. Sare iliyompwaya mabegani. Namna anavyobana midomo akiogopa.

Mwaka 1975, Barthes alikuwa ameandika kitabu juu yake mwenyewe, akakifungua kwa picha za familia. Binger yumo. Kuhusu babu zake wote wawili anasema jambo linalofanana: hawakuwa na hotuba yoyote. Nimelisoma hilo mara nyingi. Mtu aliyeweka saini mikataba juu ya ardhi za watu, mwenye mji kwa jina lake, kwa mjukuu wake ni mzee aliyenyamaza mezani. Nadhani hivyo ndivyo tunavyowaona babu zetu wote, wa gavana na wa keya. Babu yangu naye hakuzungumza juu ya Bama. Alikuwa akiulizwa anasema kulikuwa na matope.

Bibi hayupo tena. Picha imehamia kwangu, Morogoro, na kioo kimepata ufa pembeni wakati wa kuisafirisha. Siiweki hapa, na sasa mnajua sababu. Wiki iliyopita mwanangu, ana miaka minane, alisimama mbele yake akamwiga babu: kifua mbele, kidevu juu, mikono imenyooka ubavuni kama gwaride la Uhuru.

"Baba, niko sawa?"

Nilipiga magoti nikamshika mkono wa kushoto, nikamkunja kidole cha mwisho.

"Sasa uko sawa," nikamwambia.